Bi. Lukresia Mafuru, Mwandishi wa Nota Hai

Tarehe 30 Juni mwaka huu wa 2025, saa tisa na nusu alasiri, Bi. Lukresia Mafuru atafunika kidau chake cha wino, atamkabidhi mtunza ghala kalamu zake sita, na kutoka katika Ofisi ya Nota Hai ya Musoma baada ya kuitumikia kwa miaka thelathini na saba na miezi minne. Wengi wetu hatujawahi kuijua ofisi hii bila yeye. Hata fundi aliyekuja mwezi uliopita kupaka rangi mlango wa chumba namba tatu alisimama na kopo mkononi akauliza, "Hiki ndicho chumba cha Mama Debora, au nimepotea?"

Kwa faida ya wageni waalikwa, hasa wakwe zake wanaotoka Bunda ambao wameniambia kwamba hadi leo hawajui mkwe wao anafanya kazi gani, tueleze kidogo.

Nota hai huandikwa juu ya mistari minane, kama zilivyo nyuzi nane za litungu, ala yetu ya Mara. Mbegu ni sauti inayokaa. Ndoano ni sauti inayopanda au kushuka, kutegemea imegeukia wapi. Kisigino ni mguu unaopiga chini. Mwenye wimbo akiimba, jambo linaloombwa na wimbo wake hutokea: ng'ombe hurudi zizini, mtoto husinzia, ndege huuacha mtama. Anayemwiga kwa sikio tu hapati kitu. Lakini wimbo ukiandikwa sawasawa kutoka mdomoni mwa mwenyewe, karatasi hupata joto kama shati lililotoka kwenye pasi, na tangu siku hiyo yeyote anayeweza kusoma alama anaweza kuuimba, na jambo likatokea. Wimbo usioandikwa huzikwa na mwenyewe. Kazi ya Bi. Lukresia ilikuwa kuwahi.

Alizaliwa Murangi mwaka 1965, nyumba ya tatu kutoka mwaloni, pale mitumbwi inaposhusha samaki, mtoto wa mama aliyeuza samaki wa ningu na dagaa. Februari 1988 alikuja Musoma kufanya usaili pamoja na wenzake watano. Mwandishi mkuu wakati huo alikuwa Mzee Enos, mtu mrefu, mkali, asiyependa maswali. Mvua kubwa ilikuwa inanyesha. Mzee Enos akawapa kila mmoja karatasi akawaambia, "Andikeni mnachosikia." Wote waliandika mvua juu ya bati. Lukresia aliandika mvua, kisha chini yake, kwenye mstari wa nane, akaandika tone moja moja lililokuwa linaangukia kwenye ndoo nyuma ya mlango, pale paa lilipotoboka.

"Wenzako hawakuisikia ndoo?" Mzee Enos aliuliza.

"Waliisikia, mzee. Walidhani haihusiki."

Akaajiriwa siku hiyohiyo, na ndoo ikaendelea kuwapo mpaka paa lilipokarabatiwa mwaka 1996.

Tangu hapo amezunguka na baiskeli, kisha pikipiki, kisha gari la ofisi, kwenye vijiji ambavyo ramani yetu ya ukutani haina majina yake. Ameandika nyimbo elfu moja mia moja arobaini na sita. Amefundisha waandishi kumi na tisa, na mimi ni wa kumi na nne.

Kuhusu mafunzo yangu, nitasema jambo moja kabla hajalisema yeye kwenye kipaza sauti. Mwaka 2013 nilipewa kuandika wimbo wa kuwaingiza wakwe uani kwenye harusi moja kule Butiama. Niligeuza ndoano moja vibaya. Wakwe walipofika getini, kwaya ikaanza kuimba, na wote ishirini na wawili wakaanza kucheza kinyumenyume kuelekea barabarani, vitenge na zawadi vichwani, hakuna aliyeweza kujizuia. Mshenga akapaza sauti, "Jamani, geukeni!" Wakageuka. Hivyo ndivyo walivyoingia uani, migongo mbele, wakawasalimia wenyeji wao bila kuwaona. Mimi nilitamani ardhi inimeze. Bi. Lukresia aliichukua karatasi, akaiweka gotini, akaitazama kama mtu anayemtazama mtoto aliyelala vibaya.

"Gody," akasema, "ndoano yako imelala kifudifudi. Iamshe."

Akanipa kalamu nirekebishe mwenyewe. Hakulitaja tena jambo hilo, isipokuwa kila mwaka kwenye sherehe ya kufunga mwaka.

Sasa niandike kuhusu Mugeta. Bi. Lukresia alipoambiwa kwamba wasifu huu unaandikwa, aliomba jambo moja tu: kwamba habari ya Mugeta isiachwe, na isipambwe.

Mwaka 1991 alitumwa Mugeta, wilayani Bunda, kuandika wimbo wa mfugaji mmoja mzee aliyeitwa Burito. Wimbo wake ulikuwa wa kuipandisha chemchemi iliyo chini ya mlima inapokauka. Lukresia alikuwa na umri wa miaka ishirini na sita, na mimba ya miezi saba, ya huyuhuyu Debora, binti yake tunayemfahamu. Kulikuwa na manyunyu. Lori la pamba, ndilo pekee lililokuwa linarudi Bunda siku ile, lilikuwa barabarani linapiga honi. Mzee Burito akaimba mara tatu. Kila alipofika mstari wa tatu wa wimbo alicheka, kicheko kifupi, kisha akaendelea. Lukresia alikisikia. Akadhani mzee amefurahia kupata mgeni kutoka mjini. Hakukiandika.

Alipomaliza aliigusa karatasi. Ilikuwa vuguvugu.

"Niliijua vuguvugu ile," ameniambia zaidi ya mara moja. "Nikajidanganya kwamba ni manyunyu. Nikatia saini, nikapanda lori."

Mzee Burito alifariki miaka mitatu baadaye. Chemchemi haikukauka kwa miaka thelathini na moja, kwa hiyo hakuna aliyehitaji kuimba, na karatasi ikakaa kabatini ikiwa na saini safi.

Oktoba 2022 chemchemi ilikauka. Mwenyekiti wa kijiji, Bwana Ephraim, alipiga simu ofisini akasema ng'ombe wameanza kuanguka. Tukaondoka asubuhi: Bi. Lukresia, dereva wetu Amos, na mimi nikiwa nimeishika karatasi. Tulikuta watu wengi wamekusanyika kwenye mchanga mkavu, na wanakwaya arobaini wa kigango wamejipanga kwa sauti zao nne. Pembeni ng'ombe walisimama vichwa chini, mbavu zao ungeweza kuzihesabu ukiwa barabarani.

Wakaimba. Mchanga ulilowa kidogo katikati, kama mtu ameulamba, kisha ukakauka. Wakaimba tena. Ikawa vilevile. Mara ya tatu hata ule unyevu haukutokea.

Watu wakaanza kutazamana. Bwana Ephraim, ambaye wiki ile alikuwa amezika ng'ombe wanne, akavua kofia akajifuta uso. "Burito alikuwaga na maneno mengi," akasema. "Labda hata huo wimbo hakuwa nao. Labda alitaka tu aandikwe."

Nyuma ya umati alikuwapo mama mmoja wa makamo, na fimbo ya kuchungia mkononi. Alikuwa Yuliana, binti wa Mzee Burito. Aliyasikia maneno yale. Aligeuka akaanza kuondoka.

Hapa ndipo nilipomfahamu Bi. Lukresia vizuri zaidi, ingawa nilikuwa nimefanya naye kazi miaka kumi na moja. Alikuwa amebakiza miaka miwili na miezi kadhaa astaafu. Karatasi ilikuwa na saini yake. Angenyamaza, lawama zote zingeangukia kaburi, na kaburi halijibu. Nilimwona akiigusa karatasi mkononi mwangu kwa ncha za vidole, nikaona uso wake unabadilika.

"Mzee Burito hakudanganya!" akasema kwa sauti iliyofika nyuma. "Kosa ni langu."

Nikamvuta upande kidogo. "Mama," nikamnong'oneza, "subiri kwanza. Turudi ofisini tukaangalie."

"Ng'ombe wanafia hapa, Gody. Hawafii ofisini."

Akawaeleza wote: lori, manyunyu, vuguvugu. Hakutaja mimba, hakutaka iwe kisingizio. Aliposema, "Mimi niliyeandika mpaka tone la ndoo, nikaacha kitu cha mzee huyu," aliichukua karatasi mkononi mwangu akaiinua wote waione, kisha akaendelea. Alikumbuka kwamba aliacha kitu. Hakukumbuka tena ni kitu gani.

Mama Yuliana alikuwa amesimama. Akarudi polepole, watu wakampisha, akaja kusimama mbele ya Bi. Lukresia.

"Kwa hiyo wewe ndiye ulikuwa na mimba, ukapanda lori."

"Ndiye mimi, dada."

"Baba alikuwaga anakusema sana."

"Alisema nini?"

"Nitakwambia. Kwanza niimbie ulichoandika, pole pole."

Kanuni zetu zinaruhusu wimbo urekebishwe kwa shahidi aliyemsikia mwenye wimbo. Bi. Lukresia akaimba akisoma alama moja baada ya nyingine. Mama Yuliana alifumba macho, midomo inatembea. Mstari wa kwanza akatikisa kichwa kukubali. Wa pili akakubali. Wa tatu akainua fimbo.

"Hapo! Hapo alikuwaga anacheka."

"Kila siku?"

"Kila akiimba. Mama alikuwaga anamuuliza, unacheka nini? Anajibu, si mimi, ni wimbo. Ukifika hapo unacheka."

Tatizo likawa kwamba nota hai haina alama ya kicheko. Hakuna aliyewahi kuihitaji. Bi. Lukresia akaiweka karatasi juu ya boneti ya gari, akafikiri, akachora mbegu tatu zinazorukaruka na mkia unaopanda. Akainua mkono haraka akapuliza vidole. Karatasi ilikuwa imepata moto wa pasi.

Kwaya ikaimba. Walipofika mstari wa tatu, wote arobaini wakasema "ha, ha, ha," kama watu walioambiwa na daktari wafumbue midomo. Mchanga haukutikisika. Wakarudia kwa nguvu zaidi. Hakuna kitu. Tukaelewa wote kwa pamoja, na kuelewa kwenyewe kukatukata maini: alama ilitaka kicheko cha kweli. Na nani pale alikuwa nacho? Ndama mmoja alikuwa amelala chini dakika tano hivi, na mwenyewe alikuwa anamfunika kwa kanga yake asipigwe na jua.

Bi. Lukresia akamgeukia Mama Yuliana. Nadhani hakuwa na hesabu yoyote kichwani. Nadhani alitaka tu kupokea sehemu yake.

"Dada, uliniambia utaniambia. Baba yako alinisemaje?"

"Ni maneno mabaya."

"Yaseme. Nayastahili."

Mama Yuliana akatazama chini. "Alikuwaga anasema, yule dada wa Musoma anaandika kama kuku anayeparua huku anaangalia mwewe." Mtu mmoja kwenye sauti ya nne akakohoa. "Halafu anasema, lori lilipofika, tumbo lilipanda kwanza, yeye akafuata. Na kofia akaisahau."

"Kofia!" Bi. Lukresia akashtuka. "Ile ya ukili, yenye utepe mwekundu? Nimeitafuta kofia ile mwaka mzima!"

"Ilikuwa kwetu."

"Kwenu wapi?"

"Baba alimvalisha beberu."

Vichwa vyote vikamgeukia.

"Aliivaa miaka miwili mpaka ikaisha," Mama Yuliana akaendelea kwa uso uleule wa msiba. "Tukampa jina, tukamwita Afisa. Tulikuwaga tunasema, kimbieni, Afisa ameingia kwenye mihogo."

"Afisa!" Bwana Ephraim akaruka. "Wee, namkumbuka Afisa! Alinipiga pembe siku ya kipaimara changu, na kofia yake kichwani!"

Wanaokijua kicheko cha Bi. Lukresia wanajua kwamba huanza kwa mlio mwembamba, kama geti linalohitaji mafuta, halafu hupasuka. Kilipasuka. Alishika boneti ya gari, machozi yanamtoka, anasema, "Afisa! Jamani, Afisa!" Mama Yuliana alijaribu kujizuia, akashindwa, akaegemea fimbo mabega yakitikisika. Kisha umati mzima. Mwenye ndama alikuwa anacheka na kulia kwa wakati mmoja.

Amos dereva, ambaye alama anazijua lakini hajawahi kuimba hadharani wala kabla wala baada ya siku ile, aliinyakua karatasi kwenye boneti akaanzisha wimbo. Kwaya ikamfuata hivyohivyo, sauti zinayumba, wengine wameshika mbavu. Walipofika mstari wa tatu hakuna aliyehitaji kutazama alama.

Kwanza tulisikia mlio chini ya mchanga, kama mtu anayekunywa uji wa moto. Mchanga ukawa mweusi. Ukabonyea. Ng'ombe mmoja mwekundu akapasua katikati ya kwaya, akawasukuma waimbaji wa sauti ya pili, akaingiza mdomo, na alipouinua ulikuwa unachuruzika. Saa kumi watu walikuwa wanachota kwa ndoo. Kikombe cha kwanza Mama Yuliana alikichota mwenyewe, akakipeleka kwa mikono miwili kwa Bi. Lukresia, akasimama mpaka akamaliza.

Ndama yule aliishi. Mwenyewe alinitumia picha yake mwaka jana. Amekuwa jike kubwa, ana mimba yake ya kwanza.

Kesho yake Bi. Lukresia aliandika taarifa ya kurasa nne akieleza kosa lake. Barua ya onyo ilikuja, akaisaini. Barua ya pongezi ikaja wiki moja baadaye, akaisaini vilevile. Zote mbili zimo kwenye faili lake, zimeshikanishwa moja na nyingine kwa pini, na amekataa katakata zitenganishwe.

Hakuishia hapo. Kwa miezi kumi na minane iliyofuata alizitoa kabatini karatasi zake zote, akazigusa moja baada ya nyingine. Alipata mbili nyingine zilizokuwa vuguvugu. Moja ilikuwa ya wimbo wa kuzuia moto wa nyasi, na mwenye wimbo, bibi wa miaka tisini na mmoja kule Butiama, alikuwa bado hai. Tulipoingia uani kwake alimtazama Bi. Lukresia akasema, "Nilikuwa nakusubiri. Uliruka pale ninapopumua." Akaimba, karatasi ikasahihishwa, akatupikia wali na kuku tukala mpaka tukashindwa kuinuka.

Alama ile ya mbegu tatu na mkia sasa inafundishwa kwa kila mwanafunzi anayeingia ofisi hii. Inaitwa mburito. Kwenye kitabu cha mafunzo, ukurasa wa sitini na mbili, kosa la 1991 limeandikwa kwa ukamilifu pamoja na jina la aliyelifanya, kwa maombi yake mwenyewe. Ukurasa huo umetusaidia kuliko kanuni nyingi. Tangu uchapishwe, waandishi wetu saba wamerudi kwa hiari vijijini kurekebisha kazi zao. Nilikuwa mmoja wao.

Bi. Lukresia anaacha ofisi yenye makabati makavu, orodha ya nyimbo iliyopangwa kwa kata, na waandishi wanaojua kungoja lori lingine. Tunamshukuru kwa uvumilivu wake, kwa ukali wake wa haki, na kwa karanga za kukaanga alizotuletea kila Ijumaa bila kutuuliza kama tumezistahili.

Wiki iliyopita nilimuuliza kama kuna wimbo anaojutia kutouandika. Alifikiri kidogo. Akaniambia kwamba mume wake, Mzee Isaya, ambaye ni seremala, ana mluzi anaoupiga asubuhi akiranda mbao. Haufanani na wimbo wowote, na kila siku hukosea mahali palepale. Ameusikia tangu walipooana.

"Mbona hujauandika, mama?" nikamuuliza. "Labda una kazi yake."

"Unayo," akasema. "Unaniamsha." Kisha akacheka na kuanza kupanga kalamu zake kwenye boksi. "Ule sitauandika, Gody. Miaka yote hii nausikia nusu tu, halafu nakimbilia kazini. Sasa nataka niukalie chini mpaka mwisho."

Mama Debora, nenda ukausikilize. Murangi ikupokee kwa furaha, wewe na Mzee Isaya, mwili uwe na nguvu, shamba lako la mihogo listawi, na asubuhi zako zote ziwe ndefu. Sisi uliotufundisha tunakupenda na tunakushukuru. Uishi vizuri, mama yetu, na uishi sana.

*Gody Wanzagi, kwa niaba ya wafanyakazi wote wa Ofisi ya Nota Hai, Musoma*